Ajali imeua mtu wenu: jinsi ya kudai fidia nchini Kenya

Barabara za Kenya huua zaidi ya watu 4,000 kila mwaka, na wengi wao ni watembea kwa miguu na waliokuwa juu ya pikipiki. Karibu kila kifo kinaacha familia yenye haki ya kudai fidia, lakini nyingi hazipati kitu au huambulia kidogo. Sheria yenyewe si mbaya. Dai huharibika mapema, kati ya mochari na matanga, wakati hakuna mwenye nguvu za kufikiria karatasi. Ndiyo maana mwongozo huu umeegemea siku za mwanzo. Mambo ya mahakamani yana wenyewe, nao ni mawakili, ila hakuna wakili awezaye kurudi barabarani kumtafuta shahidi aliyekwisha kwenda zake.

1. Teueni mtu wa karatasi

Kamati ya mazishi ikikaa jioni ya kwanza hupatikana mweka hazina, wa usafiri na wa jikoni. Ongezeni mmoja: wa karatasi. Asiwe mjane wala mzazi wa marehemu, hao wana yao ya kutosha. Shemeji mtulivu anafaa, au binamu anayejua kuzungumza na afande bila kupandisha sauti, au binti wa ndugu mwenye mpangilio wake. Awe na bahasha moja kubwa, na kila risiti iingie humo siku ile ile: ambulensi, hospitali, mochari, jeneza, gari la kubeba mwili, hema, hata kile kikaratasi cha waliochimba kaburi kilichoandikwa kwa kalamu ya risasi.

Gharama za mazishi hudaiwa kisheria. Mahakama mara nyingi hukubali kiasi cha wastani hata pasipo risiti zote, kwa sababu mahakimu nao wamezika. Bili ya hospitali haina huruma hiyo. Ukidai 180,000 na una risiti za 40,000, utapewa 40,000.

2. Kituo cha polisi

Nenda kituo kilichoshughulikia ajali, si kile kilicho karibu na nyumbani. Ondoka na vitu vitatu: nambari ya OB (kitabu cha matukio cha kituo), jina la afisa anayechunguza, na tarehe ya kurudia abstrakti ya polisi, yaani karatasi yenye muhtasari wa ajali.

Abstrakti ikitoka, isome papo hapo mezani kabla hujasema asante. Angalia jina la marehemu, herufi kwa herufi, likilinganishwa na kitambulisho chake. Angalia tarehe na mahali pa ajali, nambari za usajili za magari yote yaliyohusika, jina la dereva, la mwenye gari, la kampuni ya bima na nambari ya cheti cha bima. Kitambulisho kikisema Mohamed na abstrakti ikisema Muhamad, mwombe afande arekebishe sasa. Ukiacha, miaka miwili baadaye utakuwa unalipia hati ya kiapo kueleza kwamba hao ni mtu mmoja, huku wakili wa upande wa pili akitabasamu.

Sehemu ya kusema nani mwenye makosa mara nyingi huandikwa tu kwamba uchunguzi unaendelea, na hubaki hivyo daima. Msikate tamaa kwa hilo, lakini msilale pia. Fuatilieni kama dereva atafunguliwa mashtaka ya kusababisha kifo kwa kuendesha gari kwa njia ya hatari. Akipatikana na hatia na muda wa rufaa ukapita, hukumu hiyo ni ushahidi mzito sana katika kesi ya fidia, maana hawezi tena kusimama akasema hakufanya kosa. Pamoja na hayo, hamlazimiki kungoja kesi ya trafiki iishe ndipo mdai. Na akiachiliwa, dai lenu halijafa: kesi ya jinai hutaka ushahidi usioacha shaka, ya madai huangalia tu upande upi una uzito zaidi.

Mambo ya gari yenyewe yathibitishwe kwa rekodi za NTSA, mamlaka inayosajili magari. Ombeni nakala ya rekodi za gari husika, iliyo na jina la mmiliki aliyesajiliwa siku ya ajali. Magari mengi, hasa matatu na pikipiki, yameuzwa mkono kwa mkono bila kubadilisha usajili. Anayekusanya pesa kila jioni ni mmoja, aliye kwenye rekodi ni mwingine. Kesi hufunguliwa dhidi ya wote wawili, pamoja na dereva, na wenyewe wasukumane mbele ya hakimu.

3. Mashahidi: hapa ndipo kesi nyingi hufia

Niseme wazi. Familia nyingi hupoteza kesi ambayo kila mtu kijijini anajua wana haki. Mjane anapanda kizimbani, anaulizwa: "Ulikuwepo ajali ikitokea?" Anasema hapana, alipigiwa simu. Afisa wa polisi anakuja na abstrakti, naye anaulizwa kama aliiona ajali. Hakuiona, na pengine hata si yeye aliyepima eneo. Basi imekwisha. Abstrakti inathibitisha kwamba ajali ilitokea. Uzembe wa dereva unahitaji mtu aliyeona, au ushahidi wa eneo wa kumfanya hakimu afikie uamuzi huo mwenyewe.

Kwa hiyo wiki ya kwanza, wa karatasi apite alipofia ndugu yenu. Azungumze na mama wa kibanda cha mboga, vijana wa stendi ya bodaboda, mlinzi wa petroli stesheni, abiria walionusurika ambao bado wamelazwa. Aandike majina kamili, nambari za simu mbili mbili (ya kwake na ya jamaa), na kwa ufupi kile mtu alichoona: gari lilitoka upande gani, lilikuwa likipita jingine kwenye kona, lilikuwa na taa au halina, marehemu alikuwa pembeni au katikati ya lami. Kama petroli stesheni au duka lina kamera, ombeni picha zihifadhiwe mara moja, na mwambieni afisa mchunguzi naye aombe, kwa kuwa kamera nyingi hufuta picha za zamani zenyewe. Pigeni picha za alama za breki, vioo, mahali palipo na kivuko, alama za barabarani, na magari yalivyo uani kwa polisi kabla hayajachukuliwa. Kwa abiria wa matatu kazi ni nyepesi kidogo, kwa vile abiria hashiki usukani. Kinachotakiwa ni uthibitisho kwamba alikuwa ndani ya gari hilo. Ujumbe wa M-Pesa wa kulipa nauli umewahi kumaliza ubishi.

4. Mochari, kibali cha mazishi na cheti cha kifo

Uchunguzi wa maiti ufanywe na ripoti yake ipatikane. Najua hili ni gumu kwa Waislamu, hasa Pwani, ambako maiti huzikwa siku hiyo hiyo. Ombeni basi daktari aliyethibitisha kifo aandike majeraha aliyoyaona, na hakikisheni sababu ya kifo kwenye kibali cha mazishi imetaja ajali ya barabarani, siyo "moyo kusimama" peke yake. Kila anayekufa moyo wake husimama. Kampuni ya bima itauliza ulisimamishwa na nini.

Pigeni nakala ya kibali kabla hakijarudishwa. Kisha andikisheni kifo. Sheria inataka kifo kiandikishwe ndani ya miezi 6; baada ya hapo inakuwa uandikishaji wa kuchelewa, wenye maswali na safari nyingi zaidi.

Aliyelala hospitalini wiki kadhaa kabla ya kufa ana kazi ya ziada. Chukueni muhtasari wa matibabu na rekodi zote, ili ionekane kwamba kilichomuua ni majeraha yale, si ugonjwa mwingine aliokuwa nao.

5. Msitie sahihi kitu matangani

Atakuja mtu mnadhifu, mwenye pole nyingi na bahasha ya kaki. Atamwomba mjane kando. "Pole sana mama. Kampuni imeguswa, imetoa hii ya jeneza na chakula cha wageni. Wewe weka tu sahihi hapa, kuonyesha nimefikisha." Karatasi ile, ukiisoma hadi chini, inasema malipo haya ni kamili na ya mwisho na familia haitadai tena kwa mwenye gari wala kwa bima.

Mchango wa mazishi kutoka kwa mwenye gari si dhambi kuupokea, na katika jamii zetu kuukataa kunaweza kuonekana ni kutafuta uadui. Upokeeni mbele ya wazee, na kama anataka maandishi, andikeni ninyi wenyewe: tumepokea kiasi fulani kama mchango wa mazishi, bila kuathiri haki ya familia kudai fidia. Akikataa maneno hayo mmejua alikuja kufanya nini.

Yupo pia wa aina ya pili, dalali wa mawakili. Hujua jina la marehemu kabla hata ndugu wote hawajafika, maana ana watu wake vituoni na mochari. Ana fomu za kumteua wakili msiyemjua. Kutafuta wateja kwa njia hiyo kumekatazwa na Sheria ya Mawakili, na wakili anayeanza kazi kwa kuvunja sheria yake mwenyewe simwamini na pesa za mayatima.

6. Nani anadai, na anadai nini

Madai ni mawili, na hufunguliwa pamoja katika kesi moja.

La kwanza ni la wategemezi, chini ya Sheria ya Ajali za Vifo, Sura ya 32. Wategemezi kisheria ni mume au mke, watoto na wazazi. Mtoto ni pamoja na mjukuu, mtoto wa kambo, wa kuasili na wa nje ya ndoa. Kaka na dada hawamo, hata kama marehemu ndiye aliyekuwa akiwalipia karo. Linauma, lakini ndivyo lilivyo.

La pili ni la mali ya marehemu, chini ya Sheria ya Marekebisho ya Sheria, Sura ya 26. Hapa ni kama marehemu mwenyewe anadai kupitia msimamizi wake: maumivu aliyopata kabla ya kufa, na kufupishwa kwa maisha yake. Kiasi chake si kikubwa. Kwa kufupishwa maisha mahakama zimezoea kutoa kama shilingi 100,000, na kwa maumivu hutegemea alikufa papo hapo au aliteseka siku kadhaa. Kwa kuwa wanaofaidika huwa ni wale wale, hakimu huangalia familia isilipwe mara mbili kwa hasara moja.

Kwa Waislamu kuna jambo la kuzingatia. Fidia ya wategemezi si mirathi. Mahakama inayosikiza kesi ndiyo hugawa, kwa kuangalia nani alimtegemea marehemu na kwa kiasi gani, wala haifuati mafungu ya Kadhi. Ile ya mali ya marehemu ndiyo inaingia kwenye mirathi.

Kesi ni moja tu kwa kifo kimoja. Kama marehemu aliacha wake wawili na mmoja akakimbia kufungua kesi peke yake bila kumtaja mwenzake na wanawe, atakuwa amewafungia mlango wote, na ugomvi utakaofuata utachukua miaka mingi kuliko kesi yenyewe. Wazee wakae, majina yote ya watoto na umri wao yaandikwe, kisha kesi ifunguliwe kwa niaba ya wote. Hati ya madai inatakiwa kuwataja mmoja mmoja.

Muda ni miaka 3. Kwa dai la wategemezi huhesabiwa tangu siku ya kifo, lakini wewe hesabu tangu siku ya ajali uwe salama. Ikiwa gari ni la serikali, chukulia una miezi 12 tu na umwone wakili mwezi huu huu.

7. Barua ya usimamizi

Anayefungua kesi ni msimamizi wa mali ya marehemu. Sheria ya Ajali za Vifo huwaruhusu wategemezi kufungua wenyewe ikiwa miezi 6 imepita bila msimamizi kufungua, ila dai la mali ya marehemu halisimami bila barua ya usimamizi, na barua lazima itangulie kesi. Kesi iliyofunguliwa Jumatatu na barua kutoka Ijumaa ni kesi iliyofunguliwa na mtu asiye na mamlaka.

Hamhitaji kumaliza mirathi yote. Ipo barua yenye mipaka, mawakili huiita *ad litem*, inayotolewa kwa ajili ya kufungua kesi tu. Haingoji kutangazwa katika Gazeti la Serikali, hivyo hutoka upesi kuliko ile kamili. Huombwa kwa cheti cha kifo, barua ya chifu yenye majina ya waliobaki, na vitambulisho. Mpelekeeni chifu orodha iliyokubaliwa na familia, kwa sababu mtoto asiyetajwa na chifu atakuwa na kazi ya kujieleza kila ofisi atakayoingia.

8. Wakili

Hakikisheni jina lake limo katika orodha ya mawakili wenye leseni ya mwaka huu, ambayo Chama cha Mawakili kimeiweka wazi mtandaoni. Mtakutana na makubaliano ya mdomo ya aina hii: "Msilipe chochote, tukishinda nachukua asilimia 40." Sheria ya Mawakili haiyatambui makubaliano ya wakili kulipwa akishinda tu. Mwombeni aandike ada yake, gharama za kufungua kesi, na nani analipa ripoti na mashahidi. Kumbukeni pia kwamba mkishinda, aliyeshindwa kwa kawaida huamriwa kulipa gharama za kesi juu ya fidia. Ulizeni mapema pesa hizo zitahesabiwa vipi.

Kila karatasi anayopewa wakili iwe nakala au irudi nakala kwenu. Bahasha haihami nyumbani.

9. Thibitisheni mapato

Fidia kubwa kabisa hutokana na utegemezi, na utegemezi huhesabiwa kutoka kwenye mapato halisi ya marehemu kwa mwezi, baada ya kodi na makato ya lazima. Aliyeajiriwa ni rahisi: karatasi za mshahara, barua ya mwajiri, taarifa ya benki.

Taabu iko kwa fundi wa jua kali, muuza samaki, mkulima wa majani chai, kondakta. Wengi huambiwa hakuna karatasi hakuna fidia. Si kweli. Mahakama ya Rufaa ilishasema mwaka 2005 kwamba hati si njia pekee ya kuthibitisha kazi na kipato, kwani ingekuwa ni kuwadhulumu Wakenya wengi wasioweka rekodi na bado wanajitafutia riziki. Leteni basi kilichopo: daftari la chama linaloonyesha alichangia kila wiki, kitabu cha Sacco, kibali cha biashara cha kaunti, risiti za kununulia mali, na mtu mmoja aliyefanya kazi na marehemu anayeweza kueleza siku nzuri ilileta ngapi na siku mbaya ngapi.

M-Pesa inasaidia kuliko watu wanavyodhani. Taarifa ya simu ya marehemu itataka barua ya usimamizi, lakini mama aliyekuwa akitumiwa pesa anaweza kuchapisha taarifa yake mwenyewe leo hii, bila kumwomba mtu. Miezi 12 ya shilingi 3,000 kila tarehe mbili kutoka kwa mwanawe ni ushahidi ambao wakili wa bima hawezi kuufuta kwa maswali. Kwa kijana asiye na mke wala mtoto, hilo ndilo dai zima la wazazi.

Kipato kikishindikana kabisa, mahakama nyingi hutumia kima cha chini cha mshahara kilichowekwa na serikali kwa aina ya kazi na eneo. Kwa mtoto aliyekufa akiwa bado shuleni, hesabu ya namna hii haifai, hivyo hutolewa kiasi cha jumla kwa kulinganisha na kesi zilizotangulia.

10. Hesabu inavyofanywa

Chukua mfano wa kubuni. Marehemu ana miaka 35, ana mke na watoto wawili, na anabaki na shilingi 30,000 kwa mwezi. Hakimu anaamua kwamba angeendelea kufanya kazi na kuitegemeza familia kwa miaka 20. Hakuna anayehesabiwa mpaka umri wa miaka 60 moja kwa moja, kwa kuwa maisha yana maradhi na kuachishwa kazi, na pesa zinakuja kwa mkupuo. Kwa mwenye familia, kawaida theluthi mbili ya kipato huhesabiwa kuwa ilienda nyumbani. Basi:

30,000 × miezi 12 × miaka 20 × theluthi mbili = shilingi 4,800,000.

Hakimu akiona marehemu naye alichangia, tuseme alivuka mahali pasipofaa, anaweza kumbebesha sehemu ya lawama. Asilimia 20 ikikatwa, inabaki 3,840,000. Hapo ndipo shahidi wa kibanda cha mboga anageuka kuwa na thamani ya shilingi 960,000.

Juu yake ongeza dai la mali ya marehemu, mazishi na gharama zenye risiti.

Sasa kikwazo ambacho huwashangaza watu siku ya kulipwa. Sheria ya bima ya lazima ya magari, Sura ya 405, hailazimishi kampuni ya bima kulipa zaidi ya shilingi milioni 3 kwa mtu mmoja. Kinachozidi kinatafutwa kwa mwenye gari mwenyewe. Kama ni kampuni ya mabasi, sawa. Kama ni mtu mwenye matatu moja ambayo bado anadaiwa na benki, hukumu ya ziada ile inaweza kubaki karatasi. Ndiyo sababu ya kuangalia mapema nani mmiliki halisi, na ndiyo sababu pendekezo la bima la kulipa nje ya mahakama lipimwe kwa utulivu: milioni 2.6 mwaka huu inaweza kuwa bora kuliko 3.8 isiyojulikana italipwa lini. Uamuzi huo ni wa familia. Wakili hushauri tu.

11. Notisi kwa bima, kisha kesi

Kabla ya kesi, barua ya madai hupelekwa kwa mwenye gari. Sambamba na hiyo, kampuni ya bima ipewe notisi ya maandishi kwamba kesi inafunguliwa. Notisi hii ni uhai wa dai. Bila notisi iliyotolewa kwa wakati, bima ina haki ya kukataa kulipa hukumu hata iwe halali namna gani. Itumwe kabla kesi haijafunguliwa, na nakala yenye mhuri wa mapokezi iingie kwenye bahasha. Msiridhike na "nilishawatumia" ya wakili. Ombeni kuuona mhuri.

Kesi nyingi za vifo husikizwa na mahakimu. Hakimu mkazi anaweza kusikiza dai la hadi shilingi milioni 5, na hakimu mkuu hadi milioni 20. Hufunguliwa karibu na palipotokea ajali au anapoishi mdaiwa. Zingine hupelekwa kwenye usuluhishi unaosimamiwa na mahakama, mkiitwa, nendeni.

Kuna magari yenye njia zake. Lori la Uganda, Rwanda au Kongo likiua mtu kwenye barabara ya Mombasa hadi Malaba, tafuteni nambari ya kadi ya njano ya COMESA mapema kabla halijavuka mpaka. Kadi hiyo ndiyo bima ya lori likiwa ugenini, na madai yake hushughulikiwa humu nchini. Na ikiwa marehemu alikuwa kazini, awe dereva, utingo au mfanyakazi aliyetumwa, familia ina haki chini ya sheria ya fidia kwa wafanyakazi ya 2007: malipo sawa na mapato ya miezi 96, hata kama hakuna dereva mwingine wa kulaumiwa. Hilo halipitii kesi ya barabarani; hupelekwa kwa Mkurugenzi wa Usalama na Afya Kazini, na muda wake ni miezi 12 tangu kifo. Kwa dereva aliyekufa kwa kosa lake mwenyewe, mara nyingi huo ndio mlango pekee uliobaki.

12. Hukumu imetoka, pesa hazijatoka

Bima ikikawia, wakili anaweza kufungua kesi ya pili, fupi, dhidi ya kampuni yenyewe ili mahakama itamke kwamba inawajibika kulipa hukumu ya kwanza. Malalamiko pia hupelekwa kwa Mamlaka ya Udhibiti wa Bima. Kampuni kadhaa zilizobobea katika bima ya matatu zimeanguka miaka iliyopita. Ya kwenu ikiwa imewekwa chini ya usimamizi au imefilisiwa, peleka madai kwa Mfuko wa Fidia wa Wenye Bima na kwa mfilisi, na msiache kumfuata mwenye gari.

Hundi au uhamisho ukiingia kwa wakili, mna haki ya kuona maandishi: kilichopokelewa ni kiasi gani, kilichokatwa ni kwa ajili ya nini, kilichobaki ni cha nani. Akiwazungusha, Tume ya Malalamiko dhidi ya Mawakili hupokea malalamiko bila malipo.

Fungu la watoto walio chini ya miaka 18 haligawiwi na wajomba. Mahakama huamuru liwekwe katika akaunti yenye riba hadi wafikishe umri, na mama akihitaji karo au matibabu yao anaomba ruhusa hapo hapo mahakamani, akiwa na barua ya shule au bili. Andikeni nambari ya kesi, jina la benki na nambari ya akaunti, mpeni mama nakala, na nyingine abaki nayo mtu wa karatasi. Mtoto wa miaka 4 leo atakwenda kuitafuta akaunti hiyo baada ya miaka 14, na wakati huo huenda wakili amestaafu na tawi la benki limehama.